Kupunguza joto la nyumba ya bati kwa bodi za povu: mwongozo kamili kwa wajenzi wa Mtwara na Lindi

Kuanzia Oktoba hadi Machi jua la kwetu halina mchezo. Mtwara na Lindi tuko karibu nyuzi 10 kusini mwa ikweta, kwa hiyo jua hupita utosini mara mbili kwa mwaka: tarehe 20 hivi ya Oktoba likielekea kusini, kisha tarehe 21 hivi ya Februari likirudi. Adhuhuri ya siku hizo kuta hazipigwi sana. Kinachopigwa ni paa. Ndiyo maana nyumba yenye tofali nzuri za inchi sita, madirisha ya aluminiamu na marumaru sakafuni inakuwa haikaliki saa nane mchana, watu wote wamehamia barazani au chini ya mwembe.

Bodi za povu gumu zinaweza kuibadilisha nyumba kama hiyo, lakini pia zinaweza kuwa fedha iliyotupwa darini. Inategemea umenunua nini na umefunga vipi. Msimamo wangu nauweka mapema: povu liende kwenye paa kabla ya mahali pengine popote, unene wa wastani uliofungwa vizuri unaushinda unene mkubwa uliofungwa ovyo, na nyumba isiyopitisha upepo haitaokolewa na povu.

Povu linafanya nini, na halifanyi nini

Povu halipozi nyumba. Linapunguza joto linaloingia, basi. Ndani yake kuna vijumba vidogo sana vilivyofungia hewa au gesi, na hewa isiyoweza kuzunguka hupitisha joto polepole.

Bati ni kinyume chake. Ni jembamba na ni chuma, kwa hiyo joto linalopokelewa juu liko chini papo hapo. Mchana wa jua kali bati lililochakaa au lenye rangi nzito hufika nyuzi 60 hadi 70 za Selsiasi. Upande wake wa chini hapo unakumwagia mnururisho, joto lile lile unalolihisi ukikaa mbele ya moto hata kama hewa ya katikati si ya moto. Feni haizuii mnururisho. Inasukuma hewa, inakausha jasho, lakini dari iliyopata moto inaendelea kukuchoma kichwani. Jaribu mwenyewe: saa nane mchana simama juu ya stuli, inua kiganja mpaka kibaki upana wa mkono mmoja chini ya dari bila kuigusa. Ukihisi joto mkononi, tatizo lako ni paa.

Bati jipya linalong'aa linarudisha sehemu nzuri ya mwanga wa jua, lakini joto lililokwisha kuingia ndani yake linachelewa kulitoa, kwa hiyo nalo hupata moto. Rangi nyeupe juu ya bati inasaidia kweli kwa sababu inarudisha mwanga na pia inatoa joto upesi. Kama mfuko ni mdogo mwaka huu, anza na rangi nyeupe. Povu litafuata.

Hesabu unayotakiwa kuielewa kabla ya kununua

Kila bodi ina tarakimu mbili muhimu. Ya kwanza ni upitishaji joto, huandikwa kwa herufi ya Kigiriki λ, na kadiri inavyokuwa ndogo ndivyo povu linavyokuwa bora. Ya pili ni ukinzani wa joto, huandikwa R, na hii ikiwa kubwa ndiyo nzuri. Uhusiano wake ni mwepesi: chukua unene kwa mita, gawa kwa λ, umepata R.

Mfano: bodi ya milimita 50 yenye λ ya 0.038 ina R ya 0.050 ÷ 0.038, sawa na 1.32. Mzigo ukiwa umetoka Marekani, R yake huandikwa kwa vipimo vya kwao, tarakimu inakuwa kubwa na mtu anadhani amepata bodi ya ajabu. Igawe kwa 5.68 ndipo uilinganishe na zingine.

Kuna jambo ambalo muuzaji hatakwambia. Tarakimu ya λ kwenye lebo za Ulaya hupimwa povu likiwa na wastani wa nyuzi 10 za joto, na Marekani hutumia nyuzi 24. Paani kwetu upande mmoja wa bodi una nyuzi 60 na upande wa pili 30, wastani 45. Povu likipata moto linapitisha joto zaidi, kwa hiyo kwa hali ya huku ongeza λ ya lebo ya Ulaya kwa asilimia 10 hadi 15. Ile 0.038 ichukulie kuwa 0.042 au 0.043.

Sasa tuchukue chumba cha mita 3.5 kwa 4, eneo la mita za mraba 14. Bati liko nyuzi 60, ndani ya chumba nyuzi 30. Kwa kutumia λ ya 0.042, na kuongeza ukinzani mdogo wa hewa iliyoshikana na dari (0.17), makadirio ni haya:

Bati tupu bila dari: karibu wati 2,470 zinaingia chumbani.
Bati na dari ya jipsamu peke yake: karibu wati 1,000.
Bati na povu la milimita 25: karibu wati 550.
Povu la milimita 50: karibu wati 310.
Povu la milimita 75: karibu wati 215.
Povu la milimita 100: karibu wati 165.

Bati tupu ni sawa na kuwasha pasi mbili za umeme juu ya kitanda chako na kuziacha zinawaka mchana kutwa. Milimita 25 za kwanza zinaondoa karibu asilimia 78 ya joto hilo, na milimita 50 zinafika karibu asilimia 87. Kutoka 50 kwenda 100 umelipa mara mbili, ukapata chini ya asilimia 6 nyingine. Kwa nyumba ya kawaida ya mwambao isiyo na kiyoyozi, 50 inatosha. Chumba kinachotumia kiyoyozi kila siku kipe 75. Kwa 100 sioni sababu, labda kama unajenga chumba baridi cha samaki.

Wakazi wa Newala na maeneo mengine ya juu ya uwanda wa Makonde wana hali tofauti kidogo. Mchana hauchomi kama pwani, na usiku wa Juni na Julai kuna baridi ya kweli. Povu la 25 hadi 40 linawafaa, na wao watafaidi pande zote mbili kwa sababu linazuia joto kutoka kama linavyozuia kuingia. Masasi na Nachingwea wafuate kipimo cha pwani.

Aina tatu za povu

EPS, povu la polistirini lililovimbishwa, ni lile jeupe la punje punje, nyenzo ile ile ya maboksi ya samaki. λ yake ni kati ya 0.033 na 0.040 kwa bodi nzuri za ujenzi. Ni rahisi kuliko zote. Joto la kudumu linalolivumilia ni karibu nyuzi 75 hadi 80, zaidi ya hapo linaanza kulegea na kujikunja. Linganisha na bati la nyuzi 70 utaelewa kwa nini bodi hii isigusane na bati.

XPS, nalo la polistirini, ni gumu zaidi, uso wake ni laini, mara nyingi lina rangi ya bluu, waridi au kijani. λ ni 0.029 hadi 0.036. Halinywi maji kirahisi, kwa hiyo ndilo la kutumia juu ya zege la paa bapa au mahali penye unyevu. Joto linalolivumilia ni karibu sawa na la EPS.

PIR (poliisosianurati) na ndugu yake PU (polyurethane) huwa na rangi ya manjano hafifu, na mara nyingi zimevishwa foili pande zote mbili. λ huanzia 0.022 hadi 0.028, maana yake milimita 30 zinafanya kazi ya milimita 45 hivi za EPS. Zinavumilia joto zaidi ya nyuzi 100. Ubaya wake ni bei, na gesi iliyomo hupungua polepole kadiri miaka inavyokwenda, hivyo λ hupanda kidogo.

Kulinganisha bei usiangalie bodi kwa bodi. Chukua bei ya mita moja ya mraba, igawe kwa R yake. Inayotoa tarakimu ndogo ndiyo rahisi kwa kweli. Mara nyingi EPS hushinda mahali penye nafasi, na PIR huwa na maana pale kimo kinapobana.

Maboksi ya samaki yaliyotumika usiyaweke darini. Yana mafuta na harufu, yataita panya na siafu, na unene wake haulingani.

Kukagua bodi dukani

Nenda na mizani ndogo ya kidijitali na futi. Bodi ya EPS yenye mita 1.2 kwa 2.4 na unene wa milimita 50 ina ujazo wa mita za ujazo 0.144. Ikiwa na uzito wa kilo 2.2 hivi, ni povu la kilo 15 kwa mita ya ujazo, kiwango cha chini ninachokikubali kwa dari. Kilo 2.9 ni povu la kilo 20, zuri zaidi. Ukipata kilo 1.4, hilo ni povu la kufungashia televisheni. λ yake hukaribia 0.045 na kona zake zitakatika kabla hamjafika nyumbani. Pima pia unene kwenye pembe zote nne. Bodi ya "hamsini" yenye milimita 44 umeuziwa pungufu.

Kisha omba kipande kilichovunjika, ukivunje tena kwa mikono, utazame palipovunjika. Kwenye povu zuri mpasuko unapita katikati ya punje, unaona punje zilizokatika mithili ya nusu duara. Kwenye povu lililochemshwa vibaya punje zinachomoka nzima nzima, mviringo kamili, na zinabaki kiganjani kama mchele. Punje ambazo hazikushikana zinaacha njia za hewa na maji katikati yake. Hilo liache dukani.

Uliza kama povu limetiwa dawa ya kuzuia moto kusambaa, na uombe lebo au karatasi ya kiwandani inayosema hivyo. Kama hakuna maandishi, chukulia kuwa halina.

Ukiagiza kutoka Dar es Salaam, safari mpaka Mtwara ni zaidi ya kilomita 500. Bodi ni nyepesi mno, upepo unaziinua. Zifungwe pamoja, kamba ipitie juu ya vipande vya mbao ili isikate kingo, na turubai lifunike lote. Zikifika, zihifadhiwe ndani. Jua hulifanya povu kuwa la manjano na kutoa unga. Wengi wetu fedha inaingia na minada ya korosho, Oktoba hadi Desemba, nyakati ambazo darini hapakaliki na mvua ziko mlangoni. Nunua wakati huo kama ndipo unapoweza, ila panga kazi iwe Mei hadi Septemba, kusi linavuma na paa ni kavu.

Nyumba iliyokwisha kuezekwa: kuweka povu juu ya dari

Hii ndiyo kazi ya watu wengi, basi nitakaa nayo zaidi.

Anza na paa lenyewe. Panda darini asubuhi paa likiwa limefungwa, zima taa, tafuta vitundu vinavyopenyeza mwanga. Ziba misumari iliyolegea. Kagua kenchi na papi (mbao zinazoshika bati) kwa kuzichoma na bisibisi. Ikizama kirahisi, mchwa wameshakula. Popo na panya waondolewe, na matundu yao yazibwe kwa wavu wa chuma wenye matundu yasiyozidi milimita 6. Povu halina chakula kwa panya wala mchwa, lakini wote wanalitoboa na kufanya makao. Ukifunika tatizo kwa bodi, hutaliona tena mpaka dari ishuke.

Pima eneo. Nyumba ya mita 8 kwa 10 ina dari ya mita za mraba 80. Bodi moja ni mita za mraba 2.88, kwa hiyo ni bodi 28; ongeza asilimia 10 ya vipande vinavyopotea, ziwe 31. Nakushauri ununue milimita 25 mara mbili, yaani bodi 62, badala ya 31 za milimita 50. Tabaka mbili zilizopishana viungo, kama fundi anavyopishanisha tofali, huziba njia za joto ambazo tabaka moja huziacha wazi. Uzito usikutie hofu: milimita 50 za EPS hazizidi kilo 1 hivi kwa mita ya mraba.

Kabla ya bodi hata moja kupanda, aingie fundi umeme. Hapa sitaki mtu apite haraka. Ganda la plastiki la nyaya za kawaida, PVC, likigusana na povu la polistirini kwa miaka, mafuta yanayolilainisha huhamia kwenye povu. Waya unakauka na kupasuka, povu linayeyuka mahali hapo. Pia waya uliofukiwa ndani ya povu haupati pa kutolea joto, unapata moto kuliko ulivyokusudiwa. Nyaya zote zipitishwe kwenye konduiti (bomba la kupitishia waya) na zifungwe juu ya povu, siyo chini yake. Viungo vya kufunga kwa tepu viishie kwenye maboksi yenye vifuniko. Taa zinazozamishwa darini ziachiwe nafasi ya sentimita 15 kila upande bila povu, au zibadilishwe ziwe za kubandika usoni mwa dari.

Kazi ya darini ifanyike saa kumi na mbili hadi saa nne asubuhi. Mchana pale juu mtu anaweza kuzimia, na fundi akianguka atapita moja kwa moja kwenye jipsamu. Laza mbao za kukanyagia juu ya maungio ya kenchi. Povu halibebi mguu na jipsamu haibebi kabisa.

Kata kwa kisu kirefu chenye makali mapya, ukiongozwa na rula ya chuma. Kisu butu kinang'oa punje na kuacha ukingo wa meno. Pima nafasi kati ya mbao na mbao, kata bodi ikiwa kubwa kwa milimita 2 au 3, kisha isukume iingie kwa kubana. EPS inakubali kubanwa hivyo. PIR haikubali, hiyo ikate sawasawa na uache pengo dogo la kuziba.

Mapengo ndiyo yanayoamua matokeo. Pengo la sentimita moja tu kuzunguka kila bodi huchukua eneo dogo mno, kama asilimia 1.25, lakini joto linalopita hapo, bati likiwa wazi juu yake, huongeza jumla kwa karibu asilimia 9, na hapo hatujahesabu hewa ya moto inayopenya. Ziba kwa povu la kopo lile la polyurethane linalopuliziwa na kuvimba. Mapengo chini ya nusu sentimita yafunikwe kwa tepu ya foili. Gundi ya ngozi, petroli, thina na rangi za mafuta usizisogeze karibu na EPS wala XPS: zinaila ikageuka uji mbele ya macho yako. Gundi yoyote ijaribu kwenye kipande chakavu, usubiri saa moja.

Tabaka la pili likishapita, rudi kwenye tundu la kupandia darini. Watu hulisahau. Kifuniko chake nacho kibandikwe povu, na ukingo uwekewe ukanda wa sponji.

Unapokaribia ukuta wa nje usijaze povu mpaka kwenye fishabodi, ule ubao wa ukingoni mwa paa. Hewa lazima iingie pembeni na kutokea juu karibu na kofia ya paa. Acha pengo la sentimita 5 au zaidi chini ya bati. Usiku wa mawingu machache bati hupoa kuliko hewa, mvuke wa bahari unageuka maji chini yake na kudondoka matone. Upepo ndio unaoyakausha. Darini kusikopumua, mbao zinaoza na misumari inakula kutu, na chumvi ya Shangani au Mikindani haihitaji kusaidiwa.

Masalia yote yakusanywe kwenye gunia kabla ya upepo wa mchana. Punje nyeupe zikifika ufukweni hazirudi, na samaki wanazimeza. Wala msizichome moto. Moshi wake una sumu.

Nyumba inayoezekwa upya

Hapa una nafasi nzuri kuliko wote. Bodi zilazwe juu ya kenchi, kisha mbao za mbili kwa mbili zipigwe juu ya povu kufuata mteremko wa kenchi, halafu papi zikate juu yake, mwisho bati. Zile mbili kwa mbili ndizo zinazofanya pengo la hewa kati ya povu na bati.

Kuna mafundi watakaotaka kulaza povu juu ya papi na kugongelea bati moja kwa moja. Kataa. Povu hubonyea, msumari unalegea baada ya misimu miwili, na bati linaanza kupiga kelele kwenye upepo. Tumeshaona Aprili 2019 kimbunga Kenneth kilivyopita karibu yetu kabla ya kuingia kaskazini mwa Msumbiji. Mbao za juu ya povu zishikwe kwa skrubu ndefu zinazolipita povu lote na kuingia ndani ya kenchi angalau sentimita 5.

Bodi yenye foili iweke foili ikitazama pengo la hewa. Foili safi hutoa karibu asilimia 5 tu ya mnururisho ambao uso wa kawaida ungetoa, lakini kazi hiyo inafanyika penye hewa mbele yake. Ikigusana na bati inakuwa chuma juu ya chuma, haina faida. Penye hewa chini yake pia, foili inayotazama chini ndiyo bora kwa vumbi, kwa kuwa vumbi haliikalii.

Paa la makuti liache lilivyo. Linazuia joto vizuri lenyewe na linapumua, na povu karibu na makuti ni kuongeza hatari ya moto.

Moto

EPS na XPS huyeyuka na kudondosha matone yanayowaka. PIR haidondoki, hufanya mkaa usoni, lakini moshi wake una sumu kali pia. Dawa ya kuzuia moto inapunguza kasi ya kushika, haifanyi povu kuwa jiwe. Kwa hiyo povu lisibaki wazi mahali wanapokaa watu. Lifunikwe kwa jipsamu ya milimita 12 au plasta, bila kuacha hata chumba cha stoo. Jiko la kuni au mkaa lisiwe chini ya dari yenye povu kabisa. Kama jiko liko ndani ya nyumba, sehemu hiyo iache na bati na matundu ya moshi, ukuta wa tofali upande mpaka juu kulitenga na dari nyingine.

Kuta

Povu la ukutani nalishauri mara chache. Ukuta unaoumia ni wa magharibi, kuanzia saa tisa mpaka magharibi, na dawa yake ya kwanza ni kivuli: baraza, mwarobaini, au pazia la makuti. Ukishindwa kupata kivuli, bandika XPS au EPS ya milimita 30 hadi 50 kwa nje, funika na wavu wa nyuzi za kioo na plasta yake, na uanzie sentimita 15 hadi 20 juu ya ardhi. Pengo hilo la chini linakuwezesha kuona udongo wa mchwa wakianza kupanda. Nyumba za zamani za mawe ya matumbawe na chokaa, kama za Mikindani, usizibandike povu wala saruji: kuta zile nene hupokea joto polepole na lazima zitoe unyevu.

Upepo wa usiku na kiyoyozi

Bati tupu lina wema mmoja, usiku linapoa haraka. Ukilikinga kwa povu, joto lililomo ndani nalo halitoki upesi kupitia juu, na kila mtu aliyelala anaongeza wati 70 hivi. Madirisha yafunguliwe kuanzia magharibi, yenye wavu wa mbu, na kila chumba kiwe na njia mbili za hewa. Kusi na kaskazi ndizo pepo zetu, basi tundu moja litazame kusini au kusini mashariki, jingine kaskazini. Mchana wa jua kali fanya kinyume: mapazia upande wa jua yashushwe.

Chumba chenye kiyoyozi kina sheria nyingine. Mvuke unatoka nje kwenye joto kuelekea ndani kwenye ubaridi, kwa hiyo foili au plastiki nene iwe upande wa juu wa povu, viungo vyake vyote vikiwa na tepu. Ukiiweka chini, mvuke utageuka maji katikati na jipsamu itaota madoa meusi. Vyumba visivyo na kiyoyozi havihitaji plastiki.

Kupima kama fedha imefanya kazi

Nunua vipimajoto viwili vya bei nafuu. Kabla ya kazi, siku tatu mfululizo zenye jua, andika saa nane mchana joto la kivulini nje, na joto la ndani sentimita 30 chini ya dari. Baada ya kazi rudia siku zinazofanana. Linganisha tofauti ya ndani na nje, kwa sababu siku hazilingani. Nyumba ya bati tupu huwa na joto kubwa ndani kuliko kivulini. Yenye povu lililofungwa vizuri inatakiwa ikaribiane na nje au iwe chini kidogo.

Usipoona tofauti, usikimbilie kuongeza unene. Panda darini saa nane na tochi, kwa dakika chache tu, uanze na kingo karibu na ukuta ambako mafundi huchoka, kisha tundu la kupandia, kisha mapengo kuzunguka taa na mabomba. Baada ya hapo angalia kama matundu ya kutolea hewa karibu na kofia yamezibwa na viota vya ndege. Rudia ukaguzi huo kila Septemba kabla joto halijaanza, na utazame pia nyayo za panya, njia za mchwa kwenye kenchi na rangi ya nyaya.